Mdaiwa wa Kwanza

Mwanamke alikuwa ameinamia sufuria ya wali, mwiko mkononi, foleni ya mafundi mbele yake, pikapu nyeupe ilipoingia gereji bila kupiga honi. Magari ya pale huingia kwa kuvutwa kamba au kwa kusukumwa, yakikohoa. Hili lilikuwa zima, limeoshwa, halina shida na fundi yeyote. Wakashuka watu wanne: askari aliyeishika bunduki kama mtu aliyeombwa amshikie mwenzake kwa dakika moja, vijana wawili wa miraba minne wenye glavu za ngozi, na mwanamume wa makamo mwenye kitambi, shati limechomekwa, faili la waridi kwapani.

"Namtafuta mwenye gereji," akasema yule mwenye faili. "Yule mnayemwita Spana."

Mafundi wa pale walikuwa na ugonjwa mmoja: akija mtu na faili, wote hugeuka viziwi. Lakini miguu miwili iliyokuwa imechomoza chini ya gari dogo la bluu ilitulia, kisha ikaanza kujivuta nje taratibu, mpaka mwenye miguu akatokea mzima, grisi hadi kwenye nyusi.

"Ndiye mimi."

"Mimi ni dalali wa mahakama. Unajua kilichonileta."

"Najua," akasema Spana.

Mwanamke aliyekuwa akipakua akauhisi mwiko umekuwa mzito ghafla. Yeye hakuwa anajua. Spana alikuwa kaka yake, tumbo moja, baba mmoja, na asubuhi hiyo hiyo walikunywa chai meza moja naye hakusema neno.

Pale gereji hakuna aliyemwita mwanamke huyo kwa jina lake. Walimwita Dokta, tangu siku alipopita kuwaaga akienda chuo kikuu kusomea maabara ya hospitali, na fundi rangi akamwambia akirudi ampime damu bure, maana ana hakika imeshageuka thina ya kuzimulia rangi. Jina likanata. Walimwita hivyo hata alipokuja mara ya kwanza na sufuria ya wali, miaka mitano baadaye, akiwa amevaa aproni badala ya koti jeupe. Mwanzoni waliliita kwa mzaha, halafu kwa huruma, na sasa kwa mazoea tu, na hayo mazoea ndiyo yaliyovumilika.

Dalali akafungua faili, akajisafisha koo, akasoma. Alisoma kama anayesoma matangazo ya misiba redioni, bila haraka wala huzuni. Hukumu ya tarehe fulani. Mdai, benki. Mkopo wa elimu ya juu. Kisha akasema, "Mdaiwa wa kwanza," na kulitaja jina halisi la Dokta.

Majina yote matatu, kamili, kama yalivyoandikwa kwenye cheti. Mara ya mwisho kuyasikia yakitamkwa namna ile ilikuwa siku ya mahafali, kwenye kipaza sauti, na mama yake, aliyekuwa hai bado, alipiga vigelegele mpaka mkuu wa chuo akatabasamu. Leo mafundi sita walizitazama sahani zao.

"Mdaiwa wa pili, mdhamini, ni wewe," dalali akaendelea. "Huyu wa kwanza ni nani wako?"

"Mdogo wangu."

"Yuko wapi?"

Spana alikuwa anafuta mikono kwa kitambaa kichafu kuliko mikono yenyewe. Hakugeuka. Hatua nne nyuma yake, mdaiwa wa kwanza alikuwa amesimama na mwiko.

"Sijui aliko. Aliondoka."

"Kwenda wapi?"

"Kutafuta maisha."

Dalali akacheka, akawageukia vijana wake. "Mnasikia? Kutafuta maisha. Hawa wasomi, wakishavaa joho, huwaoni tena. Yuko mahali, kiyoyozi kinampuliza, anakula raha zake. Wewe kaka mtu uko hapa chini ya gari." Akatikisa kichwa. Ilionekana anamsikitikia Spana kweli. "Simu yake haipatikani tangu mwaka juzi. Kabadilisha laini, huyo."

Ni kweli alikuwa amebadilisha laini. Watu wa benki walikuwa wakimpigia kuanzia saa mbili asubuhi, sauti tofauti kila siku, wa kiume, wa kike, wote wakimwita "mteja wetu mpendwa," kisha baada ya dakika moja wakimwambia jina lake litapelekwa polisi. Siku moja alivunja kile kikadi kidogo cha simu kwa meno, akakitema kwenye maji machafu ya kuoshea vyombo. Alilala usingizi mzuri kwa wiki nzima. Hakufikiri kwamba wakishindwa kumpata yeye watashuka mstari mmoja kwenye fomu ya mkopo, hadi kwa mdhamini.

Alitakiwa kusema maneno mawili tu. Ni mimi. Alifungua kinywa.

"Dok..." fundi rangi akaanza, akinyoosha sahani, kisha akajimeza. "Mama, niongeze maharage."

Akamwongeza maharage.

Vijana wa glavu walikuwa wameshaanza kazi. Walibeba kwanza mashine ya upepo, ile nyekundu, ambayo Spana aliilipia mwaka mzima kwa mafungu. Wakabeba mashine ya kuchomelea, jeki mbili kubwa, na boksi la spana, lile lenyewe lililompa jina. Dalali alikuwa akiandika kila kitu kwenye karatasi. Kila kilipopandishwa, pikapu iliinama kidogo, na Spana alikuwa akiwaelekeza, "Hiyo ishike chini, itakuvunja mgongo," kana kwamba ni wateja.

Kisha dalali akaligonga lile gari la bluu bodi kwa kalamu.

"Na hili?"

Hapo ndipo uso wa Spana ulipobadilika. "Hilo ni la mteja, mzee. Mwalimu mmoja. Anakuja kulichukua saa kumi."

"Kadi ya gari iko wapi?"

"Anayo mwenyewe."

"Basi mimi nimelikuta kwako. Sheria inasema nilichokikuta kwako ni chako, mpaka mwenyewe aje mahakamani athibitishe."

"Mzee wangu, nakuomba." Spana alisogea, mikono imefumbatana mbele kama mtoto aliyeitwa na mwalimu mkuu. Dokta hakuwahi kumwona kaka yake amesimama hivyo. "Vifaa chukua. Gari la watu, hapana. Nikilipoteza hilo, hakuna atakayeniletea hata baiskeli."

Dalali akatazama saa yake. Akatazama jua. Akavuta pumzi, akanusa.

"Vijana wangu hawajala tangu asubuhi," akasema.

Kisha Spana, kwa mara ya kwanza, akageuka na kumtazama dada yake, jicho kwa jicho, na macho yake yalikuwa hayana hasira wala lawama. Yalikuwa yanaomba.

"Mama," akamwambia, "wapakulie wageni."

Akawapakulia. Aliiona mikono yake ikifuta sahani nne kwa kitambaa safi, ikizipanga, ikijaza wali. Kulikuwa na mchuzi wa nyama kidogo, ule wa wenye uwezo, na aliuona mkono wake mwenyewe ukichagua vipande vinono, ukiviacha vya mifupa, ukimjazia dalali. Hakuna aliyeuamuru. Akawaletea maji ya kunawa, akawamiminia mmoja mmoja. Askari alisema ahsante. Dalali aliinua sahani hadi kidevuni, akala kwa kasi ya mtu mwenye kazi nyingine tatu siku hiyo, na alipomaliza akajifuta mdomo kwa kiganja.

"Mkono wako mtamu, mama. Hebu niambie, huyo mwenye shahada yake anaweza kupika hivi?"

Mmoja wa vijana akacheka. Dalali akamrudishia sahani, hakulipa, wala hakuna aliyetarajia alipe. Akamwonyesha Spana pa kusaini, akapanda pikapu bila kuligusa tena gari la bluu. Na Dokta, aliyekuwa akiuza chakula kwa mwaka wa tatu sasa na kuwaambia wateja maneno yale yale mara mia kwa siku, akajisikia akisema:

"Karibuni tena."

*

Jioni hiyo, watoto wakiwa bado nje wanacheza, wifi yake alimwita chumbani. Alikuwa mwanamke wa maneno machache, na Dokta alijiandaa kwa matusi, alikuwa anayataka hasa, angeyapokea kama mtu anavyopokea maji ya kunywa. Lakini wifi aliinua kona ya godoro, akatoa bahasha ya kaki iliyovimba, akaiweka kitandani kati yao.

"Alinikataza nisikwambie," akasema. "Tangu mwezi wa pili."

Ndani ya bahasha mlikuwa na kila kitu. Barua za benki, kisha barua za wakili wa benki, ambazo zilikuwa na karatasi nzito zaidi na adabu haba zaidi. Wito wa mahakama. Wito wa pili. Hukumu. Kila kimoja Spana alikuwa amekikunja mara nne, kwa uangalifu, na alama ya dole gumba lenye grisi ilikuwa pembeni ya kila ukurasa, mahali alipoushika akisoma.

"Alikwenda mahakamani?"

"Mara mbili."

"Lini? Mimi nilikuwa hapa kila siku."

"Zile siku alizosema anakwenda kununua vipuri." Wifi alikuwa akilinyoosha shuka lisilokuwa na mkunjo. "Alivaa ile suti. Ile aliyoinunua kwa ajili ya mahafali yako. Aliificha kwenye mfuko wa plastiki, akaenda kubadilishia kwenye choo cha stendi, usije ukamwona ukauliza."

Dokta alitaka kulia, lakini aliona hana haki hiyo mbele ya mwanamke ambaye ada za watoto wake zilikuwa zimeondoka mchana na pikapu. Akakaa. Wifi naye akakaa. Nje watoto walikuwa wakibishana nani kaguswa na nani hajaguswa.

"Sikuchukii," wifi akasema mwishowe. "Ningependa nikuchukie. Ingenisaidia."

*

Ilichukua siku tano kabla hajaweza kukaa na kaka yake peke yao. Spana alikuwa amepata kibarua kwenye gereji ya jirani, ya mtu ambaye zamani yeye ndiye aliyemfundisha kufungua injini. Alilipwa kwa siku, nusu ya alichokuwa akimlipa fundi wake mwenyewe, na aliomba spana kwa mkono, "Naomba namba kumi na tatu, bosi," kwa kijana aliyeona haya kuitwa bosi. Jumapili walikutana uani, Spana akiwa anashona kiatu cha mtoto kwa sindano ya gunia.

"Kwa nini hukuniambia, kaka?"

"Ningekuambia ungefanya nini?"

"Ningekwenda mwenyewe mahakamani."

"Wangekufunga. Deni lina kifungo, wakili aliniambia mlangoni. Jeki haiwezi kufungwa."

"Uliwaambia kuhusu cheti?"

Spana akavuta uzi kwa meno. "Nilimwambia hakimu. Nikamwambia, mheshimiwa, cheti cha mdogo wangu kiko benki, walikichukua kikiwa bado kina wino, wakasema ndiyo dhamana. Hospitali mbili zilimtaka, zote zikasema lete cheti halisi. Benki ikasema lipa kwanza. Sasa atalipa na nini? Hakimu akaandika. Nilimwona kabisa akiandika. Kisha akasema hayo ni mambo yenu na benki, mimi naulizwa jambo moja tu. Akanionyesha fomu. Hii saini ni yako?"

"Ukasemaje?"

"Ilikuwa yangu. Ningesemaje?" Akakigeuza kiatu, akakikagua soli. "Watu walikuwa wengi pale, sikutarajia. Nilidhani tutakuwa peke yetu. Wazee wengi. Mmoja aliniambia amemdhamini mtoto wa jirani. Wa jirani! Tuliitwa kwa namba kama zahanati. Mimi dakika tatu, nikawa nimemaliza."

Alisema hivyo karibu kwa fahari, kama mtu aliyeogopa sindano kisha akaona si kitu. Dokta aliikumbuka ile siku ya kusaini. Kaka yake hakuisoma fomu. Alimuuliza afisa, "Nisaini wapi ili asome?" Afisa akamwonyesha kwa kidole. Yeye mwenyewe, Dokta, akiwa na miaka kumi na tisa na alama za juu shuleni kwao, aliona kurasa kumi na moja za maandishi madogo na hakuzisoma pia, kwa sababu nyuma yao watu walikuwa wanangoja, na kusoma kungeonekana ni kutokuwa na shukrani.

"Siku ile," akasema, "ningeweza kumwambia dalali ni mimi."

"Ningekukana," Spana akajibu. "Ningesema huyu ni mama wa chakula, ana wazimu kidogo." Akacheka. Alikuwa anajaribu kumchekesha, na Dokta akaona ni bora angempiga.

*

Jumatatu alivaa sketi yake ya usaili, ile nyeusi, akaenda benki.

Ukumbi ulikuwa na baridi na harufu ya zulia jipya. Ukutani palikuwa na bango la msichana aliyevaa joho, meno yote nje, na chini yake maneno: *Ndoto yako, sisi tupo.* Viti vilipangwa safu moja ndefu ya kuzunguka ukuta, na vyote vilikuwa vimejaa: vijana waliomaliza shule, suruali zimepigwa pasi, na pembeni ya kila mmoja mtu mzima wake. Ulikuwa msimu wa kuingia vyuoni.

Afisa mikopo alikuwa binti mdogo kuliko yeye, kucha safi, sauti ya upole. Dokta alisimama mbele ya meza akataja majina yake matatu.

"Ni ndugu yako?"

"Ni mimi."

Alikuwa ameyabeba maneno hayo siku sita. Usiku alikuwa ameona jinsi yatakavyokuwa: mtu atainuka, mlinzi ataitwa, mlango utafungwa. Binti akaandika kwenye kompyuta.

"Una kitambulisho?"

Akatoa kitambulisho. Binti akakitazama, akaitazama skrini, akatabasamu. "Tulikuwa tunakutafuta, dada. Umefanya vizuri kuja mwenyewe."

"Nimekuja ili mumwache kaka yangu. Mimi ndiye nilisoma. Yeye hakusoma hata hiyo fomu."

"Nakuelewa kabisa." Akageuza skrini kidogo, si sana. "Vifaa vilishauzwa Ijumaa. Vilipata bei ya mnada, unajua tena. Hapo inatoka gharama ya dalali, ya kuhifadhi, ya tangazo, ya wakili. Kilichobaki kimeingizwa kwenye deni."

"Deni limepungua?"

Binti alisita, na kwa nukta moja ilionekana kama aibu inatafuta njia ya kupita usoni kwake pia. "Kuna riba ya kuchelewa, dada. Kwa hiyo limeongezeka. Lakini si sana."

Dokta akashika ukingo wa meza. Aliiona mashine nyekundu, jeki mbili, boksi, nyama aliyoichagua. Akajaribu kuyapanga kama alivyofundishwa kupanga vipimo, moja baada ya lingine, apate jibu. Jibu halikuja.

"Nipeni cheti changu," akasema. "Nipeni kwa mwezi mmoja tu. Kuna hospitali inatangaza nafasi. Nikipata kazi, kateni mshahara wote, sitauliza."

"Cheti ni dhamana ya mkopo."

"Nyie mtakifanyia nini? Hamwezi kukiuza. Hakuna mtu mwingine duniani anayeweza kukitumia."

"Ndiyo," binti akasema, taratibu, kama aliyewahi kuliwaza hilo mwenyewe. "Lakini ni sera ya benki. Ukimaliza kulipa utakabidhiwa siku hiyo hiyo. Tunavitunza vizuri, kwenye kabati lisiloungua moto." Akafungua droo, akatoa karatasi. "Ila kwa kuwa umekuja, unaweza kusaini hii. Ni ya kukiri deni. Inaonyesha nia njema."

"Nikisaini, kaka yangu anatoka?"

"Hapana. Mdhamini hatoki mpaka deni liishe. Ila mnakuwa wawili."

Dokta aliisoma karatasi, safari hii yote, kila mstari. Ilisema amekiri kwa hiari yake. Ilisema mali yake, ya sasa na ya baadaye, inaweza kukamatwa popote ilipo. Alifikiria mali yake: sufuria mbili, mwiko, sahani ishirini na moja. Nyuma yake mtu alikohoa, kikohozi cha anayengoja. Akasaini.

"Subiri nakala yako," binti akasema, akainuka na karatasi. Kisha, akiwa ameshapiga hatua mbili, akageuka. "Dada, wakati unasubiri, unaweza kumsaidia bibi huyu kujaza? Mjukuu wake ameenda kupiga picha, na wewe umesoma."

Bibi alikuwa ameketi kiti cha kwanza kwenye safu, fomu ya mdhamini magotini, kalamu ameishika kwa ngumi. Alipoona Dokta anakuja alisogea kumpa nafasi, akamfutia kiti kwa upindo wa nguo yake.

"Karibu, mwanangu. Macho yangu yameisha, na hata yalipokuwepo hayakujua kusoma." Akacheka. "Mjukuu wangu anakwenda kusomea udaktari. Wa watu, si wa ng'ombe. Wa watu!"

"Hongera, bibi."

"Mama yake hakuishi amwone. Ni mimi tu."

Dokta alichukua kalamu. Aliandika jina la bibi, mwaka wa kuzaliwa ambao bibi aliukisia, kazi: *mkulima*. Mali isiyohamishika: bibi akasema, "Nyumba, na kale kashamba ka nyuma," na Dokta akasimamisha kalamu.

"Bibi," akasema kwa sauti ya chini. "Hapa panasema mjukuu wako asipolipa, watachukua nyumba."

"Kwa nini asilipe? Atakuwa daktari."

"Pengine asipate kazi mapema. Wapo wengine..." Ilibaki sentensi moja tu. Angeweza kusema *mimi hapa*. Angeweza kumsimulia habari za kaka yake, suti, choo cha stendi. Bibi alikuwa anamtazama kwa macho ya ukungu, kwa heshima ile wanayopewa watu waliosoma, na Dokta hakuwa ametazamwa hivyo kwa miaka mingi.

"Hao wasiolipa ni wahuni, mwanangu," bibi akasema, akimpapasa goti kumtuliza. "Wanakula jasho la watu halafu wanajificha. Wangu si mhuni. Nimemlea mwenyewe. Nionyeshe pa kuweka dole."

Binti wa mikopo alikuwa amerudi na nakala mkononi, na kidau cha wino. Bibi akachovya gumba, akaligandamiza kwenye karatasi. Likatoka doa hafifu, lisilo na mistari. Miaka ya jembe ilikuwa imeifuta.

"Halijatoka vizuri," binti akasema. "Mashine itakataa. Hebu msaidie, dada. Libonyeze kwa nguvu."

Dokta akalishika gumba la bibi. Lilikuwa kavu, zito, na moto kuliko alivyotarajia. Akaliingiza kwenye wino, akaligeuza kulia, akaligeuza kushoto, kama alivyofundishwa maabara kushika kidole cha mgonjwa asiumie. Akalishusha kwenye kisanduku. Akaweka kiganja chake juu yake, akabonyeza.

"Hapo sawa," binti akasema.

"Ahsante, mwanangu," bibi akasema, akilipuliza gumba likauke. "Mungu akulipe."

Binti akachukua fomu, akairusha kwenye trei pamoja na nyingine. "Anayefuata!" akaita, na kuzunguka ukuta mzima wa ukumbi ule, wazazi na watoto wao wakainuka kidogo, wakasogea kiti kimoja mbele, wakaketi.